Dereva Hayupo

Kompyuta niliyouziwa na chama cha wafuga nyuki
ni sanduku zito lenye afya ya punda:
inabeba kila kitu, haifiki popote.
Haina sikio la mtandao.
Nimeipangusa, nimeiweka mezani hapa Isevya,
ninapotoa fotokopi na kulaminisha vyeti,
nayo inanitazama kama mgeni asiyejua lugha ya mtaa.

Kwa Mihambo, karibu na stesheni, vilikuwapo viwili.
Kimoja kidogo, ukucha wa kidole cha mwisho.
"Hiki ukichomeka unasahau kama kipo."
Elfu kumi na mbili.
Cha pili kina antena, kimesimama wima
kama mwanafunzi anayejua jibu.
Elfu ishirini na nane, hapunguzi.
Akanisifia kasi, gigahazi tano, mshale.
Mimi nikamuuliza habari za kuta.
Kuta zangu ni tofali za udongo, nene,
zilijengwa na mtu aliyeogopa jua kuliko deni.
Akakuna kidevu.
"Basi utatumia mbili nukta nne.
Inakwenda polepole, lakini ukutani haiombi ruhusa."
Nikachukua chenye antena,
nikalipa kwa noti zenye harufu ya gundi.

Nyumbani nikachomeka. Taa ya kijani ikakonyeza mara moja,
ikalala.
Kompyuta ikaandika: kifaa hakitambuliki,
dereva hayupo.

Kila mtu Tabora anajua maana yake:
mabehewa yamepangwa, ya Mpanda huku, ya Kigoma kule,
abiria wameketi, wali umeshafunguliwa,
na kichwa cha treni hakina mtu.

Ndani ya boksi mna sahani ndogo ya kung'aa,
dereva amelala humo.
Mashine yangu haina mdomo wa kumeza sahani.
Karatasi ya maelekezo inasema: basi mpakue mtandaoni.
Nikacheka peke yangu, kicheko cha mtu
aliyefungia ufunguo ndani ya nyumba.

Iliyoniokoa ni simu, hii yenye ufa.
Waya wake wa chaji ukawa daraja,
bando la mia tano likapita humo
kama asali ya asubuhi ya Juni.
Asilimia kumi na moja.
Thelathini.
Akaja mteja wa picha za pasipoti, nikamwambia angoje, akangoja.
Tisini na tisa, ambayo ni ndefu kuliko zote.
Zima. Washa.

Taa ikafumbua jicho, likabaki wazi.

Sasa mtaa mzima ukajiandika kiooni:
Usijaribu.
Mama Shija Vitenge.
Lipa Deni Kwanza.
Kigango Ofisi Tu.
Na chini kabisa, pau moja, ikija ikipotea:
Nyanzobe.

Nikatafuta waya wa kurefusha,
nikakitoa kifaa nyuma ya lile bati la kompyuta,
nikakifunga kwa uzi kwenye nondo ya dirisha.
Pau mbili. Tatu.
Nne.
Dirisha lile linatazama kwake.

Mimi na Nyanzobe hatujasalimiana tangu masika,
tangu tulipogombea mfereji, futi moja na nusu ya matope,
hadi mtendaji wa kata akatuchoka.
Kifaa kimemaliza kazi yake.
Kilichobaki hakiuzwi kwa Mihambo.

Nikasimama. Nikakaa.
Nikakata karatasi zisizohitaji kukatwa.
Kisha nikasema dirishani, "Hodi, jirani,"
na sauti yangu ikatoka na kutu.

Kimya. Sufuria ikawekwa chini.
"Tutachangia bili?"
"Nusu kwa nusu."
"Andika basi. Herufi ndogo zote, usiache nafasi:
mferejiniwangu."

Nikaandika, herufi moja moja,
kwa kidole changu mwenyewe.

Ikakubali mara ya kwanza.